Choo Ndicho Chetu, Sebule ni ya Benki

Kuna watu hapa Voi ambao hadi leo wakinikuta sokoni hawanisalimii kama binadamu wa kawaida, wananiuliza, "Mwadime, choo kinaendeleaje?" kisha wanacheka mpaka wanashika magoti, na mimi nacheka nao kwa sababu nitafanya nini, nilijitakia mwenyewe. Tatizo ni kwamba kila mtu sasa anaisimulia hadithi hiyo anavyotaka (kinyozi wangu amefika mahali pa kusema katekista alibatiza sinki), kwa hivyo nimeona heri niiandike mimi niliyekuwepo, na aibu yake yote ndani, mjue ukweli halafu mnicheke kwa haki.

Kwanza mjue niko kidato cha tatu, na darasani kwetu mimi ndiye mtu wa kuchekesha. Hesabu si somo langu. Lakini muhula ule mwalimu alifundisha riba, na badala ya kutumia mifano ya kitabuni alitumia nyumba, akatuonyesha jinsi mtu anavyokopa nyumba moja na kulipa tatu, na kwa mara ya kwanza tangu nizaliwe nikakaa macho kipindi kizima. Nilikaa macho kwa sababu sisi pia tunaishi kwenye nyumba ya mkopo. Baba ni fundi wa umeme, mtu wa mshahara, mpole, ana miaka arobaini na kitambi kidogo anachosema ni cha muda tu. Alinunua hii nyumba yetu miaka mitano iliyopita, na kila mgeni akija lazima amzungushe, amwonyeshe mpaka stima za nje, aseme, "Hapa ndipo kwangu. Mambo ya kupanga nilimaliza." Mama ni muuguzi. Mdogo wangu Wakesho ana miaka tisa na mdomo wa miaka hamsini.

Sasa Ijumaa moja tukiwa tunakula, Baba akafuta mdomo akasema, "Jumatatu naenda benki kurefusha ule mkopo. Wananiongeza miaka mitano mbele, halafu kila mwezi inashuka elfu mbili na mia nne." Aliisema kwa sauti ya mtu aliyeshinda jogoo kwenye harambee. Mama akasema, "Afadhali," huku amefumba macho na kijiko kiko hewani, kwa sababu Mama siku zile alikuwa anaweza kulala popote, hata katikati ya ugali.

Mimi nikainuka mezani bila mzaha hata mmoja (jambo ambalo lingewashtua kama wangekuwa makini) nikaenda chumbani kwangu kupiga hesabu kwenye simu. Chumba changu kilikuwa cha nje, kando ya tangi la maji, na mlango wake na kufuli yake, na mlangoni nilikuwa nimebandika kibao: JAMHURI YA MWADIME, PIGA HODI. Mtu hajui utamu wa maisha kama hajawahi kulala kwenye jamhuri yake. Basi nikapiga hesabu, nikarudia, nikaizima simu nikaiwasha nikidhani imeharibika.

Nitawaeleza polepole kama mwalimu alivyotueleza. Nyumba ilikuwa milioni tatu na laki tatu. Laki tatu za kwanza zilitoka kwa Nyanya, mama yake Baba, kule Rukanga chini ya mlima Kasigau, ambaye aliuza ng'ombe wake wote akabaki na mmoja wa maziwa. Milioni tatu zikawa mkopo wa miaka ishirini, na Baba analipa elfu thelathini na saba na kitu kila mwezi. Sasa kila mwezi benki inachukua riba yake kwanza, ikishashiba ndipo makombo yanapunguza deni. Mwezi wa kwanza kabisa, elfu thelathini na tano zilikuwa riba. Deni lilipungua kwa elfu mbili na kitu. Mwezi wa pili karibu hivyo hivyo. Ndiyo maana baada ya miaka mitano Baba alikuwa ametoa zaidi ya milioni mbili, na deni lilikuwa halijapungua hata laki mbili. Na akimaliza yote atakuwa ametoa karibu milioni tisa. Na ile elfu mbili na mia nne ya kushushiwa, ambayo Baba alikuwa anatabasamu nayo? Ukijumlisha hiyo miaka mitano ya ziada, anawaongezea milioni moja na laki sita. Nusu ya nyumba, jamani. Mtu anapewa soda na kuulizwa kwa upole kama anaweza kuilipia kwa friji.

Mtoto mwenye akili angemwambia babake. Lakini Baba hapendi kusahihishwa na mtu ambaye bado ananunuliwa viatu, na mimi sijui kusema jambo bila kulifanya mchezo. Hapo ndipo nilipofanya uamuzi wangu mdogo, mdogo kama kipande cha chaki, kwa sababu ulikuwa kipande cha chaki (kilitoka shuleni kikiwa mfukoni mwangu, tusiingie sana huko). Niliamua nitaigawa nyumba. Jumapili Baba akitoka, nichore mpaka kwenye ile sakafu yetu nyekundu, huku kwetu huku kwa benki, akirudi acheke, aulize, nimweleze, yaishe.

Jumapili baada ya kanisa Mama alipita karibu yangu akasema kitu, na mimi nilikuwa na vitu vyangu vya kusikilizia muziki masikioni, nikajibu, "Sawa Mama," kama ninavyojibu kila kitu. Akaenda kujinyoosha. Baba akatoka na kreti tupu ya soda. Kama ningekuwa mtu wa kufikiri ningejiuliza kreti ya nini.

Nikapima nyumba kwa hatua, Wakesho akinishikia chaki. Hesabu ikatoa jibu la kusikitisha: sebule ya benki, vyumba vyote vya kulala vya benki, varanda ya benki. Jiko lilitoshana karibu kabisa na zile laki tatu, kwa hivyo nikaandika mlangoni pake NG'OMBE WA NYANYA. Na jasho lote la Baba la miaka mitano likatoshana na korido fupi na choo, nikaandika hapo BABA, MIAKA MITANO, na mshale wa kuelekea chooni. Kisha nikapiga mstari mnene mwanzo wa korido, na katikati ya sebule nikaandika kwa herufi za kuonekana kutoka barabarani: ENEO LA BENKI. USIKANYAGE BURE.

"Sasa mimi nalala kwa benki?" Wakesho akauliza.

"Ndiyo. Na unakojoa kitandani mwao. Ngoja wajue."

Akanirushia kandambili. Hapo tukasikia lori linasimama nje, na sauti ninayoijua ikimwambia dereva amsalimie mamake. Nyanya! Alikuwa ametoka Rukanga asubuhi, akafika Maungu, akapata lifti ya lori la saruji, na sasa anashuka na mfuko wa pojo, chupa ya asali, na kile kigoda chake cha miguu mitatu ambacho husafiri nacho kwa sababu anasema makochi ya Voi yanammeza.

"Mume wangu!" akaniita (mimi ni mume wake tangu nizaliwe, mahari bado). "Mbona umesimama kama mwizi? Njoo ubebe. Nimewahi sala za jumuiya?"

"Jumuiya gani, Nyanya?"

"Si mamako alinipigia? Kule ilikokuwa iwe wamepata matanga, imehamia hapa. Saa tisa."

Nikaangalia saa. Nikaangalia barabara. Na pale kwenye kona, wakiwa wamevaa vizuri, vitabu vya nyimbo kwapani, katekista mbele na kichupa chake cha maji ya baraka, wanakuja watu kama ishirini.

Nilikimbilia tambara. Ndugu zangu, msiwahi kufuta chaki kwenye sakafu nyekundu kwa tambara kavu, haifutiki, inapakaa, na ile BENKI ikawa kubwa zaidi, kama imenenepa. Nikavuta mkeka nikafunika USIKANYAGE. Nyanya akaingia, akausogeza mkeka kwa mguu, na kwa kuwa Nyanya husoma kila kitu kwa sauti, hata pakiti ya chumvi, akasoma, "E-ne-o la ben-ki." Akaniangalia. "Hii ni nini, mume wangu?"

"Mchezo tu, Nyanya."

"Mchezo wa nini?"

Hapa ningeweza kusema ni kazi ya shule. Lakini wageni walikuwa wameshajaa mlangoni, wananiangalia, na mimi nikiona watu zaidi ya watatu wananiangalia, akili huondoka mdomo ukabaki kazini. Nikaeleza. Nilieleza vizuri sana, kwa mikono, kama mtu wa kutembeza watalii, hapa ni benki, hapa ni benki, hapa pia benki, ndovu akibomoa ukuta huu hasara ni yao, watu wakaanza kucheka, nikapata moto. "Na hapa jikoni, mabibi na mabwana, ni ng'ombe wa Nyanya! Na Baba, baada ya miaka mitano, anamiliki choo, na hii njia ya kukifikia!"

Kila mtu alicheka ila Nyanya.

Akauliza, "Hiyo benki iko hapa leo?"

"Hapana, Nyanya."

"Imetukaribisha?"

"Hapana."

Akainama akachukua kigoda chake, akavuka mstari, akakiweka koridoni, akakaa. "Mimi siombi kwenye nyumba ya mtu ambaye hayupo na hajaniita," akasema. "Nilivyolelewa, mwenye nyumba ndiye anayesema karibuni, ndipo baraka ziingie. Hapa mwenye kusema karibuni ni mwanangu, na kwake ni hapa. Katekista, njoo huku."

Katekista ni mtu mzima, amezika watu na kufungisha ndoa, lakini nilimwona akitazama ule mstari kama mtu anayetazama mto uliojaa. Akasema, "Huyu mama ana neno." Akavuka. Na katekista akishavuka, jumuiya itabaki wapi? Wakavuka wote. Watu ishirini kwenye jiko na korido! Akina mama walijipanga kati ya jiko la gesi na debe la unga, vijana wakasimama kwa ubavu, na mzee mmoja wa sauti ya besi alisukumwa nyuma, nyuma, mpaka akaishia ndani ya choo, akafunga kifuniko, akakikalia, akafungua kitabu cha nyimbo kama hakimu anayeanza kesi.

"Tumsifu Yesu Kristo," akasema katekista, kiwiko chake kikiwa kwenye sufuria.

"Milele na milele, amina," ikajibu nyumba, na besi ikatokea chooni na mwangwi wake.

Wimbo ukaanza, na Mama akaamka. Akatoka chumbani (kwa benki) na leso kichwani, uso umevimba usingizi, akakuta sebule tupu kabisa, makochi yote hayana mtu, na watu wote wamebanana mlangoni mwa choo wakiimba. Akasimama tu. Nadhani alidhani bado anaota, kwa sababu alirudi chumbani kisha akatoka tena.

Na hapo ndipo Baba alipofika na kreti ya soda.

Sitasahau alivyosimama. Peke yake katikati ya ENEO LA BENKI, kreti mikononi, akisoma sakafu. Alisoma polepole. Alifika pale penye BABA, MIAKA MITANO, akafuata mshale kwa macho mpaka kwa yule mzee aliyekaa. Wimbo ukafa mmoja mmoja, besi ikiwa ya mwisho.

"Nani amefanya hivi?"

Wakesho akaninyooshea kidole bila hata kuulizwa mara ya pili.

Kama ningeomba msamaha pale, mkasa ungeishia hapo. Lakini nikaona watu bado wana tabasamu, nikaongeza moja. "Na kesho, mabibi na mabwana, anaenda kuwaongezea! Anapunguziwa elfu mbili na mia nne kwa mwezi, halafu kwa ile miaka ya ziada anawapa milioni moja na laki sita, nusu ya nyumba, na choo hata hakijapigwa rangi!"

Hakuna aliyecheka. Baba aliweka kreti chini taratibu, chupa zikagongana kidogo, na alipoongea hakuwa na hasira, na hilo ndilo lililonimaliza.

"Ile elfu mbili na mia nne," akasema, haniangalii mimi, anamwangalia Mama, "ni pesa unazopata kwa zile Jumamosi mbili za usiku kule kliniki. Nilipiga hesabu hiyo tu. Nilitaka uache. Nilitaka ulale."

Mama akaleta mkono mdomoni. Mimi nilikuwa najua Mama huenda zamu kwenye kliniki ya mtu binafsi zile Jumamosi, kila mtu nyumbani anajua, lakini nilikuwa najua kama unavyojua saa ya ukutani inatembea. Sikuwahi kuuliza inatembea kwa ajili ya nani. Nikakumbuka kile kijiko hewani. Nilitamani yule mzee anipishe niingie chooni nijifungie.

"Milioni na laki sita?" Baba sasa akaniuliza, kwa sauti ya chini. "Una uhakika?"

"Nilirudia, Baba."

"Hawakuniambia jumla. Waliniambia ya mwezi."

"Husema ya mwezi tu," katekista akasema kutoka kwenye sufuria, kwa uchungu wa mtu anayezungumzia pikipiki yake ya mkopo.

Nyanya alikuwa anaangalia kupitia mlango wa nyuma, kule kwenye tangi la maji. "Mume wangu," akaniita. "Kile chumba cha nje mbona hakina chaki? Ni cha nani?"

Vichwa ishirini vikageuka. Kibao changu kilikuwa kinasomeka vizuri tu kutoka pale. Mtu akakisoma kwa sauti, sijui nani, na nadhani ndio mara ya kwanza nilisikia jinsi kilivyo cha kijinga.

Sikupanga kusema nilichosema. Nilisikia tu mdomo wangu, ule ule ulioleta balaa yote, unasema, "Kinaweza kupangishwa." Na ukaendelea, "Elfu tatu kwa mwezi. Mama aache kliniki, na Baba asiende kesho."

Nyuma ya debe la unga ikatokea sauti ya Mwalimu Mueni, yule kijana anayefundisha chekechea hapa karibu na kusafiri kutoka Maungu kila asubuhi. "Kina dirisha?"

"Kina dirisha," nikasema.

"Basi mimi nakichukua. Lakini hicho kibao utakitoa."

Watu wakacheka tena, cheko jingine sasa, laini. Baba akavua viatu vyake pale kwenye eneo la benki, akavuka mstari kwa soksi, akapenya mpaka kwa Nyanya, akashika kichwa chake mwenyewe kwa mikono miwili kama mtu anayehakikisha kipo. "Mama," akasema, "jiko lote ni ng'ombe zako?"

"Kumbe," Nyanya akasema. "Na wewe miaka mitano umenunua choo. Sasa mbona unalia? Ni choo kizuri. Karibisha watu, mwenye nyumba."

Baba akafuta macho na mkono wa shati, akasema, "Karibuni kwangu," kwa watu waliokuwa tayari wamemkanyaga vidole. Katekista akafungua kichupa, akanyunyizia jiko, akanyunyizia korido, yule mzee akapata ya kwake pale alipokaa akafumba macho kwa heshima. Kisha katekista akafika kwenye mstari, akasimama, akamtazama Nyanya.

Nyanya akafikiri. "Rusha na huko," akasema. "Si sebule nayo ipo njiani inakuja kwetu?"

Akarusha. Matone yakaangukia BENKI, chaki ikayeyuka kidogo hapo kwenye herufi ya mwisho.

Jumatatu Baba hakwenda kutia sahihi. Jioni aliniita, nikajua sasa ndio nachapwa, kumbe alitaka nimwonyeshe hesabu tangu mwanzo, mwezi kwa mwezi, riba kwanza, makombo baadaye. Akauliza kama mtu akitupia kiasi kidogo juu ya malipo ya kila mwezi, kinaenda wapi. Nikamwambia kama benki inakubali, chote kinakwenda kwenye deni lenyewe. Kisha akasema, "Ungeniambia tu, Mwadime."

"Ungenisikiliza, Baba?"

Akafikiri kwa ukweli. "Hapana," akasema, na tukacheka mpaka Mama akapiga ukuta.

Basi nimejifunza. Mkopo usiuulize unataka ngapi kwa mwezi, uulize utakuwa umekula ngapi siku ukiisha. Na mimi binafsi, sishiki tena chaki nyumbani kabla ya kuuliza kama kuna wageni, sivai tena vile vitu masikioni Mama akiongea, na neno la babangu sitalifanya mchezo mbele ya watu kabla sijajua analisema kwa ajili ya nani.

Siku hizi nalala chumba kimoja na Wakesho, ambaye anakoroma na kuongea akikoroma. Kila Nyanya akija, Baba huniomba nipige mstari mpya, na kigoda husogea, mara hii kimesogea upana wa kiganja kuingia sebuleni. Lakini leo ni Jumamosi, na Mama amelala kwenye kochi tangu mchana, mbali kabisa ndani ya eneo la benki, mdomo wazi, mguu mmoja chini, na tumekubaliana wote tupite kwa vidole. Benki ikija kulalamika itanikuta mlangoni, na itanong'ona.